Uchoraji wa mwili wa binadamu kwa maumbo rahisi

Uchoraji wa mwili wa binadamu kwa maumbo rahisi ni njia ya kujifunza kuchora watu ambamo mchoraji huanza kwa kuugawa mwili katika maumbo machache ya jiometria, kama vile yai, tufe, boksi na silinda, kabla ya kuchora macho, vidole, misuli au nguo. Maumbo hayo huchorwa kwa mistari myepesi na kupangwa kufuatana na mkao wa mtu. Baadaye mwili wenyewe huchorwa juu yake, na mistari ya mwanzo hufutwa au kufunikwa na kazi inayofuata.

Njia hii hufundishwa katika shule za sanaa, hutumiwa na wachoraji wa vitabu, katuni na filamu za vibonzo, na ni ya kawaida kwa watu wanaojifunza wenyewe bila mwalimu. Chimbuko lake ni la kale, lakini kwa jinsi inavyojulikana leo imetokana hasa na vitabu vya Ulaya vya karne ya 16 na vya Marekani vya karne ya 20.

Sababu za kutumia maumbo rahisi

Mtu ambaye hajafundishwa kuchora mara nyingi huanza na sehemu inayomvutia zaidi, yaani uso. Huchora jicho moja kwa uangalifu, kisha la pili, pua na mdomo, halafu hushuka chini. Akifika kwenye magoti karatasi imekwisha, au miguu inakuwa mifupi kuliko inavyotakiwa. Kila sehemu inaweza kuwa imechorwa vizuri, lakini mtu mzima hasimami.

Tatizo la pili ni kwamba mwanafunzi huchora anachokijua badala ya anachokiona. Anajua kwamba mkono una vidole vitano, hivyo huchora vijiti vitano hata kama kwa mahali alipokaa vinaonekana viwili tu. Anajua kwamba mguu ni mrefu, hivyo huuchora mrefu hata pale mtu aliyeketi amemnyooshea mguu huo na unaonekana mfupi.

Maumbo rahisi husaidia katika matatizo yote mawili. Yai au boksi halina mambo mengi ya kuvutia macho, kwa hiyo mchoraji hulazimika kushughulikia maswali makubwa kwanza: mwili una urefu gani, umeinamia wapi, uzito wake uko kwenye mguu upi, na sehemu ipi iko mbele ya nyingine. Kosa likionekana katika hatua hii, hurekebishwa kwa sekunde chache. Likionekana baada ya saa nzima ya kutia vivuli, mara nyingi mchoraji huona uchungu kulifuta na hubaki nalo.

Historia

Zama za kale

Haja ya kuwa na kipimo cha mwili ilianza mapema. Katika Misri ya Kale wachoraji walipiga mistari ya miraba kwenye ukuta kabla ya kuchora. Kwa muda mrefu mtu aliyesimama alipewa miraba 18 kutoka kwenye nyayo hadi mahali nywele zinapoanzia kwenye paji la uso. Mpango huo uliwezesha mafundi wengi kufanya kazi kwenye ukuta mmoja na bado watu wote wakalingana.

Katika Ugiriki ya Kale, mchongaji Polykleitos wa karne ya 5 KK aliandika kitabu kuhusu uwiano wa mwili. Kitabu hicho kimepotea, lakini sanamu yake ya mbeba mkuki inajulikana kupitia nakala za Kiroma. Mtu huyo amesimama huku uzito wake ukiwa kwenye mguu mmoja, mkao ambao hadi leo hutumiwa kufundishia mizani ya mwili. Msanifu majengo wa Roma, Vitruvius, katika karne ya 1 KK aliandika kwamba kichwa kutoka kidevu hadi utosi ni sehemu ya 8 ya urefu wa mtu, na wayo ni sehemu ya 6. Maelezo yake ndiyo yaliyomwongoza Leonardo da Vinci kuchora, mnamo mwaka 1490, mtu aliyenyoosha mikono na miguu ndani ya duara na mraba.

Karne za kati na Renaissance

Daftari la Villard de Honnecourt, Mfaransa wa karne ya 13, limehifadhiwa katika Maktaba ya Taifa ya Ufaransa mjini Paris. Baadhi ya kurasa zake zinaonyesha watu na wanyama waliochorwa juu ya pembetatu, miraba na nyota. Maumbo yake ni bapa: yanaonyesha mpangilio wa mistari, lakini hayaonyeshi unene wa mwili.

Mwaka 1435 Leon Battista Alberti wa Italia alishauri katika kitabu chake juu ya uchoraji kwamba mchoraji aanze na mifupa, aongeze misuli, kisha nyama na ngozi. Vilevile mtu aliyevaa nguo achorwe kwanza mwili wake, ndipo avikwe. Utaratibu huo wa kutoka ndani kwenda nje bado ndio msingi wa njia hii.

Hatua kubwa ilipigwa nchini Ujerumani na Albrecht Dürer. Kazi yake ya vitabu vinne juu ya uwiano wa mwili wa binadamu ilichapishwa mwaka 1528, miezi michache baada ya kifo chake. Dürer hakutoa kipimo kimoja cha mwili mzuri. Alionyesha wanaume na wanawake wa aina nyingi, wembamba, wanene, warefu na wafupi, pamoja na mtoto. Alionyesha pia jinsi mwili unavyoweza kugawanywa katika maboksi ili mchoraji aelewe unavyojipinda na kugeuka. Mwaka 1538 Erhard Schön wa Nürnberg alichapisha kitabu kidogo kwa ajili ya vijana wanaojifunza ufundi, ambamo watu wameundwa kwa maboksi na kuwekwa ndani ya chumba. Katika karne hiyohiyo Luca Cambiaso wa Genova (1527–1585) alichora makundi ya watu walioundwa kwa maboksi matupu, akayatumia kupanga picha zake kubwa.

Nchini Japani, Katsushika Hokusai alitoa mwaka 1812 kitabu cha kufundisha kuchora haraka, akionyesha jinsi watu na wanyama wanavyoweza kujengwa kwa duara na mistari iliyonyooka.

Vyuo vya sanaa na vitabu vya kujifunzia

Katika vyuo vya sanaa vya Ulaya mwanafunzi alinakili kwanza picha zilizochapishwa, kisha sanamu za plasta, na mwishowe alimchora mtu hai. Mafunzo hayo yalichukua miaka na hayakuwa wazi kwa wote. Kwa mfano, katika chuo cha Royal Academy mjini London wanawake waliruhusiwa kuchora kutokana na mtu hai aliyefunikwa sehemu ya mwili mwaka 1893 tu.

Vitabu vilipunguza pengo hilo. Nchini Ufaransa, Charles Bargue kwa kushirikiana na Jean-Léon Gérôme alitoa kati ya 1866 na 1871 mfululizo wa picha za kunakili, ambamo mchoro huanza na mistari michache iliyonyooka kabla ya kufikia undani. Vincent van Gogh, ambaye kwa sehemu kubwa alijifunza mwenyewe, alizinakili picha hizo.

Nchini Marekani, George Bridgman (1864–1943), mzaliwa wa Kanada, alifundisha kwa miaka mingi katika Art Students League mjini New York. Yeye aliuona mwili kama vipande vikubwa vinavyoshikana na kupenyana kama kabari. Andrew Loomis (1892–1959) aliandika kwa ajili ya msomaji aliye nyumbani. Vitabu vyake vya mwaka 1939 na 1943 vilieleza kichwa kama tufe lililokatwa kando na mwili kama kiunzi kinachopimwa kwa vichwa. Kimon Nicolaides, ambaye kitabu chake kilitolewa mwaka 1941 baada ya kifo chake, alisisitiza jambo jingine: kukamata mwendo wa mwili mzima kwa haraka kabla ya kufikiria umbo lolote. Mafundisho mengi ya leo huchanganya mawazo ya walimu hao watatu.

Maumbo ya msingi

Katika Kiswahili neno "mkono" linaweza kumaanisha sehemu yote kutoka bega hadi ncha za vidole, na "mguu" sehemu yote kutoka nyonga hadi nyayo. Mchoraji hana budi kuzigawa zaidi, kwa sababu kila kipande kilicho kati ya maungio mawili huelekea upande wake. Mgawanyo wa kawaida ni huu:

- Kichwa: yai, upande mwembamba ukiwa kwenye kidevu. Kikitazamwa kutoka upande, kichwa huenda nyuma sana. Wanaoanza mara nyingi husahau sehemu ya kisogo.
- Shingo: silinda fupi. Haisimami wima kama nguzo, bali huinama mbele kidogo kutoka mabegani kwenda kichwani.
- Kifua: yai kubwa linalowakilisha mbavu.
- Nyonga: boksi fupi, au umbo la beseni.
- Mkono wa juu na kigasha: silinda mbili. Kigasha ni kinene karibu na kiwiko na chembamba kwenye kifundo.
- Kiganja: boksi bapa. Vidole vinne huchorwa kwanza kama kipande kimoja, na kidole gumba peke yake.
- Paja na sehemu ya chini ya mguu: silinda mbili zinazopungua unene kuelekea chini.
- Wayo: kabari, yaani umbo lenye kimo upande wa kifundo na linaloteremka kuelekea vidole.
- Bega, kiwiko na goti: tufe ndogo zinazoonyesha mahali mwili unapokunjika.

Kati ya maumbo hayo, matatu ni makubwa kuliko mengine: kichwa, kifua na nyonga. Kila moja ni gumu kwa sababu lina mifupa iliyofungamana. Katikati yake kuna shingo na kiuno, ambavyo hujipinda. Takriban kila mkao wa mwili unaweza kuelezwa kwa kusema jinsi vipande hivyo vitatu vilivyoinama au kugeuka kimoja kwa kingine.

Uwiano

Kipimo kinachotumika zaidi ni urefu wa kichwa kutoka utosi hadi kidevu. Watu wazima wengi wana urefu wa takriban vichwa 7 hadi 7 na nusu. Vitabu vingi hutumia vichwa 8 kwa sababu hugawanyika kirahisi na humfanya mtu aonekane mrefu. Katika mpango wa vichwa 8 mistari huangukia hapa:

1. kidevu
2. chuchu
3. kitovu
4. mwisho wa kiwiliwili, miguu inapoachana
5. katikati ya paja
6. chini kidogo ya goti
7. katikati ya sehemu ya chini ya mguu
8. nyayo

Vipo vipimo vingine vinavyofaa kukumbukwa. Nusu ya urefu wa mtu mzima iko karibu na mahali miguu inapoachana, wala si kiunoni kama wengi wanavyodhani. Mikono ikining'inia, kiwiko hufika karibu na kiuno na ncha za vidole hufika katikati ya paja. Kiganja pamoja na vidole vyake hukaribia kufunika uso kutoka kidevuni hadi nywele zinapoanzia. Macho yako karibu na katikati ya kichwa. Kuyaweka juu mno ni moja ya makosa yanayorudiwa zaidi, kwa sababu anayeanza huisahau sehemu ya kichwa iliyofunikwa na nywele.

Uwiano hubadilika kwa umri. Mtoto mchanga ana urefu wa vichwa 4 hivi, na idadi huongezeka kadiri anavyokua, kwa kuwa miguu hukua haraka kuliko kichwa. Ndiyo maana mtoto aliyechorwa kwa vichwa 7 huonekana kama mtu mzima aliyepunguzwa. Wachora katuni hutumia jambo hilo kwa makusudi: mhusika wa vichwa 3 au 4 huonekana mdogo na wa kuchekesha, na shujaa hupewa vichwa 8 au zaidi.

Vipimo hivi ni wastani au ni vya kubuni. Mtu halisi anaweza kuwa na miguu mirefu, shingo fupi, mabega mapana au tumbo kubwa. Mchoraji anayemlazimisha kila mtu aingie katika vichwa 8 humchora mtu yuleyule kila mara, na anayechorwa hajitambui. Kwa hiyo kipimo hutumika kama swali: je, mtu huyu aliye mbele yangu anatofautianaje na wastani, na ni tofauti hiyo ipi inayomfanya awe yeye?

Ili kupima, mchoraji hunyoosha mkono ulioshika penseli mbele yake, hufumba jicho moja, na kulinganisha ncha ya penseli na utosi wa mtu. Kidole gumba huteremshwa hadi penye kidevu. Kipimo hicho huhesabiwa mara ngapi kinaingia katika mwili mzima. Kiwiko kinapaswa kubaki kimenyooka wakati wote; kikikunjwa, penseli husogea karibu na jicho na kipimo hubadilika.

Hatua za kuchora

Mafundisho mengi hufuata mpangilio ufuatao.

Kwanza, mchoraji huweka alama ndogo juu na chini ya karatasi, kuonyesha utosi na nyayo zitakapofika. Kwa njia hiyo mtu hawezi kuzidi karatasi.

Pili, huchora mstari wa mwendo, yaani mstari mmoja mrefu unaopita katika mwili kutoka kichwani hadi kwenye mguu unaobeba uzito. Mara nyingi mstari huo una umbo la herufi C au S. Unaonyesha kama mtu anavuta, anasukuma, anachutama au anakimbia.

Tatu, huweka kichwa, kifua na nyonga juu ya mstari huo, kila kimoja kwa mwelekeo wake. Hupitisha mstari mmoja kwenye mabega na mwingine kwenye nyonga. Mtu akisimama kwa kuegemea mguu mmoja, nyonga hupanda upande wa mguu huo, na bega la upande uleule kwa kawaida hushuka. Mistari hiyo miwili ikichorwa sambamba kila mara, mtu huonekana kama mlingoti.

Nne, huongeza mikono na miguu kwa silinda, akianzia kwenye maungio. Hukagua kama mtu anasimama: mtu aliyetulia kwa mguu mmoja, mstari wima unaoshuka kutoka shimo la shingo huangukia karibu na wayo wa mguu huo.

Tano, hupitisha mikunjo kuzunguka maumbo, kama pete, kuonyesha yanakoelekea. Ndipo huchora mstari wa nje wa mwili, akiangalia sehemu ipi inapita mbele ya nyingine.

Sita, huongeza uso, vidole, nguo na vivuli.

Mfano: mtu aliyebeba ndoo

Mizani ya mwili huonekana wazi kwa mtu anayebeba maji. Mwanamke aliyebeba ndoo kichwani hupanga kichwa, shingo, kifua na nyonga karibu katika mstari mmoja wima juu ya miguu. Uzito wa ndoo hushuka moja kwa moja hadi ardhini, na mstari wa mwendo unakaribia kunyooka. Mikono inaweza kuwa huru.

Mtu huyohuyo akiteremsha ndoo na kuishika kwa mkono wa kulia, mwili hubadilika wote. Bega la kulia huvutwa chini, kifua huinamia kushoto, na mkono wa kushoto mara nyingi hunyooshwa nje ili kusawazisha. Mstari wa mwendo unakuwa mkunjo. Mwanafunzi anayechora kifua kikiwa wima katika hali ya pili atapata ndoo inayoonekana tupu, hata akiijaza maji kwa ustadi gani. Uzito hauonekani katika ndoo; huonekana katika mwili wa anayeibeba.

Umbali na mwelekeo

Silinda hueleza mwelekeo kwa njia ambayo mstari wa nje peke yake hauwezi. Mdomo wa ndoo iliyo chini ya macho ya mtazamaji huonekana wazi, na ukingo wake wa mbele hujipinda kuelekea chini. Ndoo hiyo ikiinuliwa juu kuliko macho, mdomo hauonekani tena, na ukingo wa mbele hujipinda kuelekea juu. Kanuni hiyohiyo hutumika kwa ukosi wa shati, mkanda kiunoni, bangili na soksi. Mchoraji akikosea mkunjo wa mkanda, tumbo huonekana bapa.

Sehemu ya mwili ikielekezwa kwa mtazamaji huonekana fupi kuliko ilivyo, lakini unene wake haupungui. Mkono unaomnyooshea mtazamaji kidole ni mfano wa kawaida. Hapo silinda hutazamwa karibu kutoka mwisho wake, na maumbo hufunikana: kiganja kiko mbele ya kigasha, kigasha mbele ya mkono wa juu. Kuchora miduara inayofunikana kwa mpangilio huo ni rahisi kuliko kufuata mstari wa nje wa mkono.

Maumbo rahisi husaidia pia katika kutia vivuli. Boksi lina upande wa juu, wa mbele na wa kando. Mwanga ukitoka juu kulia, ni rahisi kujua upande upi una giza. Katika silinda giza huingia polepole. Mwanafunzi aliyekwisha kuamua ni sehemu gani ya mwili aichukulie kama boksi na ipi kama silinda anajua kivuli kiwekwe wapi kabla ya kugusa undani.

Nguo

Sehemu nyingi wanafunzi huchora watu waliovaa nguo. Ushauri wa Alberti unafaa hapa: mwili uchorwe kwanza kwa maumbo, kisha uvikwe. Nguo huning'inia kutoka mahali panapoibeba. Kanzu huning'inia kutoka mabegani, hivyo mikunjo yake mirefu hushuka kutoka huko. Kanga iliyofungwa kiunoni hubebwa na nyonga, na mikunjo yake hukusanyika kwenye fundo. Katika suruali mikunjo hujazana penye maungio, nyuma ya goti na kwenye kifundo. Nguo pana kama buibui hufunika sehemu kubwa ya mwili, lakini bega, kiwiko, goti na hatua ya mguu huendelea kuisukuma kutoka ndani. Mchoraji asiyejua goti liko wapi huchora mikunjo kwa kubahatisha.

Mazoezi

Zoezi la kawaida zaidi ni michoro ya haraka. Mtu hukaa katika mkao mmoja kwa sekunde 30, dakika 1, 2 au 5, na mchoraji hujitahidi kumaliza mwili mzima katika muda huo. Muda mfupi humzuia kuingia katika undani. Asiye na mtu wa kumkalia anaweza kuchora watu kituo cha basi, sokoni au uwanjani, kutazama kiganja na wayo wake mwenyewe, au kutumia kioo.

Vifaa ni vichache: penseli laini au kipande cha mkaa, na karatasi yoyote, hata upande wa nyuma wa karatasi iliyotumika. Walimu wengi hupendekeza kuchora kwa kusogeza mkono wote kutoka begani badala ya vidole peke yake, ili mistari mirefu isikatikekatike.

Zoezi lingine ni kuchukua picha ya mtu kwenye gazeti na kuchora mayai, maboksi na silinda juu yake. Baadaye picha hufichwa, na mchoraji hujaribu kujenga mkao uleule kwa kukumbuka, kisha hulinganisha.

Makosa ya kawaida

- Kuanza na uso na kuacha mwili mzima kwa baadaye.
- Kukandamiza penseli tangu mwanzo, hata mistari ya maumbo isifutike.
- Kuchora kichwa kikubwa mno, na viganja na nyayo ndogo mno. Viganja na nyayo hupunguzwa mara nyingi kwa sababu ni vigumu kuchora.
- Kuweka mabega na nyonga sambamba katika kila mkao.
- Kuchora maumbo kwa mazoea, kisha kuyaacha bila kuyalinganisha na mtu anayetazamwa.

Mipaka ya njia hii

Kosa la mwisho katika orodha hiyo ndilo linalolaumiwa zaidi na wapinzani wa njia hii. Mwanafunzi aliyezoea mayai na silinda anaweza kuacha kutazama. Watu wake husimama vizuri lakini hufanana na vikaragosi vya mbao, na kila kigasha ni kilekile. Kwa sababu hiyo walimu wengi huchanganya maumbo na michoro ya mwendo kwa upande mmoja, na uchunguzi wa polepole wa mifupa na misuli kwa upande mwingine.

Pia ujazo wa mwili si lengo la kila sanaa. Margaret Trowell, aliyeanza kufundisha sanaa katika Chuo cha Makerere nchini Uganda mwaka 1937, mara nyingi alisimulia kisa au kueleza tukio kwa maneno, na wanafunzi wakachora kutokana na picha iliyowajia akilini. Michoro ya Tingatinga, iliyoanzishwa na Edward Saidi Tingatinga mjini Dar es Salaam mwaka 1968, hutegemea rangi kali, mistari ya nje na mapambo. Viumbe wake ni bapa, na ubapa huo ni sehemu ya uzuri wake. Picha za namna hiyo haziwezi kupimwa kwa kanuni za silinda na vivuli.

Kwa anayetaka kuonyesha mtu mwenye uzito na unene ndani ya nafasi, hata hivyo, maumbo rahisi yamebaki kuwa mlango wa kwanza. Programu za kompyuta za kuunda watu wa pande tatu nazo huanza mara nyingi na boksi, silinda na tufe, na katika filamu za vibonzo uchoraji wenye ujazo huhesabiwa kati ya kanuni za msingi za kazi hiyo.

Tazama pia

- Uchoraji
- Anatomia
- Jiometria
- Albrecht Dürer
- Leonardo da Vinci
- Tingatinga